Elspeth Galbraith na Chai Iliyoogopwa Bellevue

Wasikilizaji wapendwa, sogeeni karibu na redio. Leo tunamkumbuka Elspeth Galbraith, mwigizaji aliyezaliwa Skotlandi. Amefariki wiki iliyopita hapa Johannesburg, kwa maradhi ya moyo. Narudia, maana najua mnabisha: Elspeth Galbraith amefariki kweli.

Mnabisha kwa sababu mnamjua. Kwa miaka ishirini na sita aliigiza katika tamthilia ya kila jioni iliyorekodiwa kule Randburg. Ndiye Bibi Agnes, mwenye nyumba wa sauti laini, anayewatilia waume zake sumu kwenye chai. Bibi Agnes alikufa mara mbili. Kwanza alizama bwawani, akarudi. Kisha akaungua, majivu yakazikwa, halafu akatokea mlangoni akidai ni pacha wa marehemu. Alikuwa yeye yule. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, na sisi watazamaji tumeumwa sana.

Elspeth aliishi Bellevue, mtaa wa hapa hapa Johannesburg. Wazungu wenzake walipohama, yeye alibaki, akaigawa nyumba yake ya zamani vyumba vyumba, akapangisha. Hapo ndipo alipohamia Angélique, msusi kutoka Bukavu, akiwa na mtoto mchanga mgongoni, Gradi.

Jumapili ya kwanza Elspeth alimgongea mlango, kikombe cha chai mkononi. Angélique alikipokea kwa mikono miwili, akashukuru, akafunga mlango, akaimwaga chai kwenye sinki. Jumapili iliyofuata vilevile. Mwanamke huyu ndiye aliyekuwa akimwona kwenye televisheni ya saluni, anakoroga vilevile, anatabasamu vilevile.

"Kwetu Bukavu, sumu si mambo ya filme," anasema Angélique. "Mutu akikupatia kitu ya kunywa, anaonja kwanza mbele yako. Ule mama hakuonjaka. Ningekunywa namna gani?"

Elspeth hakujua kwamba chai yake inamwagwa. Kwao, kunywea kikombe cha mgeni ni kukosa adabu. Aliyemfumbua macho ni mpangaji mwingine, Capitoline, Mrundi anayeuza nyanya, aliyechoka kuona chai nzuri ikipotea. "Gogo," alimwambia, kama bibi kizee anavyoitwa hapa Johannesburg, "wewe leta, lakini onja kwanza. Hata kwetu Burundi ni hivyo."

Elspeth alicheka mpaka akakaa chini. Jumapili hiyo alisimama mlangoni pa Angélique, akanywa funda moja, akameza, akafungua kinywa kuonyesha kimebaki kitupu, ndipo akampa. Angélique akanywa. Sukari ilikuwa nyingi mno, lakini akaimaliza. Tangu siku hiyo Elspeth hakumpa mtu kikombe bila kukionja, hata kazini Randburg, wenzake wakimshangaa. Gradi alipougua homa kali, ni yeye aliyewapeleka hospitali kwa gari lake, akasinzia kwenye benchi la korido hadi mtoto alipopata nafuu. Wakawa ndugu.

Ndiyo maana habari ya kifo ilimkuta Angélique vibaya. Aliambiwa Elspeth amefia kliniki na mwili umekwisha kuchomwa, kama alivyoagiza mwenyewe. Hapakuwa na maiti wala kaburi.

"Msiba bila mwili?" aliuliza Méthode, mpangaji wa chumba cha nyuma, mlinzi wa duka moja mjini. "Eish. Hawa watu wa tamthilia wanatengeneza sehemu mpya."

Neno hilo lilimwingia Angélique. Hakulia. Alijiambia rafiki yake yupo mahali, kamera imefichwa, naye hatawapa machozi ya bure.

Siku ya matanga alipobisha hodi kwenye sebule ya Elspeth, aliyefungua alikuwa na pua ile, nywele zile, hata namna ile ya kushika kitasa. "Mimi ni Isobel, mdogo wake," akasema. "Nimefika jana kutoka Glasgow." Walifanana kama shilingi kwa ya pili. Nyuma mtu akanong'ona: pacha.

"Nilimuangalia mikono, miguu, yote," anasema Angélique. "Nikasema ni yeye. Leo nitamukamata."

Isobel akaleta chai. Akakoroga, akatabasamu tabasamu lile. Watu wakapokea vikombe na kuviweka magotini, hakuna aliyekunywa. Akamfikia Angélique, akamnyooshea kikombe kilichojaa hadi ukingoni. Hakukionja.

Angélique alingoja. Isobel akabaki ameunyoosha mkono, haelewi kinachongojwa. Hapo Angélique akajua. Elspeth angeweza kuigiza lolote duniani, lakini asingempa yeye kikombe bila kukionja. Huyu ni mgeni kweli, na rafiki yake amekufa. Akaangua kilio, kile cha kwao, cha kushika kichwa, na uchungu wote wa wiki ile ukatoka.

Alipotulia alifuta uso, akakipokea kikombe, akanywa funda moja, akampa Méthode. Akachukua cha Capitoline, akaonja, akamrudishia. Akaizunguka sebule nzima hivyo, na watu wakanywa.

Kwa Isobel na ukoo wa Galbraith kule Skotlandi, kwa Mama Gradi na wapangaji wote wa nyumba ile, poleni sana. Mungu ampumzishe Elspeth mahali pema. Nanyi wasikilizaji wapendwa, tujiulize ni vikombe vingapi tumemwaga bila kumwambia jirani tunachoogopa. Na wewe unayebisha hodi leo, ukiwa na kikombe mkononi, usikasirike. Onja kwanza.