Picha ya Mama Yenu Kwenye Meza ya Ubani

Sogeeni, wanangu. Siu-fung, mpishe dada yako akae karibu, kwa kuwa maneno haya ni yake zaidi, na miaka kumi na minane hajaingia humu ndani.

Nyumba hii ya hapa mtaani Sham Shui Po ni yenu wawili, msiigombanie. Hadithi za filamu tisini nilizoandika, nyingine kwenye karatasi za kufungia maandazi huku waigizaji wenzangu wamesimama wakinisubiri, zichomeni. Hakuna anayezitaka, nami nimechoka kulala nazo peke yangu.

Yuet-ngo, sikiliza. Tulikuwa na siku saba tu za kumaliza filamu, nami nikicheza mgane. Mwongozaji akapiga kelele, "Szeto, marehemu mkeo yuko wapi? Meza ya ubani haina picha!" Nikachomoa ya mama yenu mfukoni, nikaiweka pale anapofukiziwa marehemu. Studioni kila mtu anajua kwamba anayekufa kwenye filamu, hata kwa picha tu, hupewa bahasha nyekundu yenye pesa siku hiyohiyo kuondoa nuksi. Nikasahau. Mama yenu alipoiona filamu alicheka, "We mzee, umeniua na bahasha hukuniletea? Tena ukachagua picha niliyonuna!" Nikamwambia, kesho. Baada ya miezi mitatu akafariki.

Ulinilaumu, nami sikujitetea, maana nilijilaumu pia. Daktari alisema ni mapafu. Mimi sijui. Ninachojua ni kwamba mbele ya kamera nilimlilia mpaka mafundi wa taa wakafuta macho, na siku ya mazishi yake machozi yakagoma, nawe ukanitazama. Hayakuwa yamebaki, mwanangu. Tangu hapo nakula wali peke yangu, redio nimeiwasha ili pawe na mtu anayesema.

Nafasi ya kuwekea majivu yangu nikishachomwa, kando ya mama yako, iko mikononi mwako, na uliapa sitaingia. Leo nakuomba. Ukikataa, nipelekeni popote, na wewe Siu-fung, usimlazimishe dada yako. Usinijibu sasa. Maisha yangu yote nimewaandikia watu majibu yao. Hili lako sitaligusa.

Radhi zangu nimewapa. Muwe na afya, mzeeke mkitembeleana... Ngoja, nipumue. Siu-fung, zima redio.

Yuet-ngo, usivae viatu kwanza. Kaa... hata usiposema kitu, kaa.