Kiitikio Mara Kumi na Moja

Kijiwe cha kahawa cha Masasi, njia ya Lulindi, wiki ile kilikuwa na neno moja tu. Watu walikuwa wamejazana kwa Awadhi mwenye dishi kuitazama kwaya ya Lulindi ikiimba moja kwa moja kwenye televisheni ya Dar. Kiitikio kikarudiwa mara kumi na moja, taarifa ya habari inasubiri, kisha waimbaji wakatimua mbio. Filemoni, mwalimu wa kwaya hiyo, alikaa ukingoni mwa benchi akipuliza kahawa iliyokwisha poa.

— Kosa la Severina, alisema Salfa, aliyenuka dawa ya mikorosho hata siku ya harusi yake. Wenzake wamekimbia, yeye kang'ang'ania maikrofoni! Jumapili kamati inamtoa kwaya.

— Mwonee huruma, alisema Antena, fundi redio. Msomaji habari alikuwa hajamaliza ugali. Ikabidi wazibe pengo.

— Mara kumi na moja? Ugali gani huo?

— Wa muhogo.

— Toka hapa! Umeme wa kule unatoka kooni. Mwimbaji akinyamaza, Dar nzima giza.

— Sasa mbona walikimbia?

— Koo zilishaanza kutoa cheche!

Filemoni hakucheka. Alimkumbuka yule bwana wa pembeni ya kamera, aongozaye kwa mikono kwa kuwa hewani hasemi. Bwana huyo alizungusha kidole: malizeni. Lakini Lulindi, kidole kikizunguka, ni kiitikio tena. Bwana akazungusha kwa hasira. Wao wakapaza sauti. Mwisho akapitisha kiganja shingoni kama anayechinja, na sauti zote nne zikatoka mbio. Severina peke yake alibaki, akaitikia amina.

Akafika Baba Dorika, mchuuzi wa Makote, akatua gunia.

— Shikamooni, wazee.

— Marahaba.

Akasikiliza weee.

— Samahani, mimi mgeni. Kwani kwaya hiyo haina mwalimu? Alikuwa wapi?

Salfa akamtazama Antena. Antena akatazama kikombe. Filemoni alimwomba Mungu ampe uongo mzuri, hakupewa.

— Nyuma ya ngoma, akasema.

— Nani?

— Mimi. Kamera ilinigeukia, nikachutama. Na kidole niliwafundisha mimi. Severina hana kosa. Jumapili nitasimama mbele ya kanisa, niseme.

Salfa akakung'uta kikombe.

— Antena, Jumapili tuwahi.

— Kuna nini?

— Tukaitoe ile ngoma nje.