Mama Keti Alivyotubomolea Soko Jukwaani

Mama Keti anastaafu Ijumaa hii, tarehe thelathini mwezi wa sita, baada ya miaka thelathini na moja kwenye ofisi yetu ya kutetea wakazi. Wenye vyeti vyao waliombwa waandike haya, wakapiga chenga, wakaniachia mimi mlinzi wa geti. Hawakukosea. Nimemfungulia geti miaka ishirini na saba, na hakuna anayemjua kunizidi, mumewe akiwemo.

Jina lile alilipata kazini. Wauza mboga wakitishiwa kubomolewa vibanda, hakukimbilia kelele. Aliwaingiza stoo, katikati ya viti vibovu, akawafanyisha mazoezi. Yeye anakuwa bwana mkubwa wa ofisini, wao wanakuja kulalamika. Atawafokea mpaka jasho liwatoke. Anayenyanyuka kuondoka anarudishwa: keti kwanza, muulize jina lake, muulize barua iko wapi, usitoke mpaka uione. Kwa mtindo huo soko limenusurika mara tatu. Mimi nilikuwa nacheza askari wa bwana mkubwa, na bila kujisifu, nilitisha kuliko yeye.

Basi mwaka jana akatuambia akistaafu anataka kuigiza. Tulicheka mpaka mpika chai akamwaga birika. Mwanawe wa kwanza akamsihi apumzike, alee wajukuu. Mama akamwacha aseme, akaenda zake kwenye kikundi cha maigizo. Kiongozi wao akampa jaribio la onyesho moja tu: akiweza, ana kazi, akishindwa, arudi kwa wajukuu.

Jumapili ya jaribio, alasiri, tukajaa ukumbini, wauza mboga safu za mbele. Likatokea jibaba limevaa koti la kijivu na kofia, sauti kama jiwe linaburutwa, ofisa wa kubomoa soko. Likapiga teke kikapu cha bibi kizee. Damu ikanichemka. Nikawa namngoja Mama Keti atokee alikomeshe. Hatokei. Jibaba likaamuru vibanda vishushwe, nikasimama.

"We bwana, barua iko wapi?"

Wauza mboga wakapanda jukwaani, wakakaa chini wote kumi na wanne. Muuza nyanya akamwambia, "Unaitwa nani, baba? Sema tu, hatuna haraka."

Kiongozi wa kikundi akashika kichwa. Mchezo umekufa, na kazi ya Mama nayo.

Jibaba likatutazama mmoja mmoja. Lingeweza kuvua kofia likacheka, yakaisha. Halikuvua. Likatufokea kwa ukali ambao stoo hatujauona, tukakataa kuondoka. Likajipapasa mifuko yote, barua hakuna. Likatoka kinyumenyume, mabega yameanguka, na ukumbi mzima ukalizomea.

Mume wa Mama Keti alikuwa kiti cha pili kutoka changu. Akanivuta shati. "Mzee, kaa. Huyo ni mke wangu."

Nikakaa. Miaka ishirini na saba, na nimemchukia saa nzima bila kumjua. Mpaka leo mshtuko haujanitoka.

Kazi amepata palepale, maana hata tulipomvamia hakuacha kucheza. Wauza mboga walikwenda kumwomba radhi, akawakataza. Alisema hajawahi kushindwa akafurahi namna ile.

Asante, Mama, kwa miaka yote uliyotubeba. Huko uendako maisha yakunyookee, afya isikupungue, na makofi uyapate mpaka uyachoke. Ila ukipangiwa tena kucheza mtu mbaya, tuambie mapema, tusije tukakupiga.