Hoja ya Sheria na Ukuta wa Shemeji

Jambo la mwisho la kawaida alilofanya fundi saa jioni ile ni kupuliza vumbi ndani ya saa ya mteja na kuifunga. Kisha akasoma barua ya wakili wake, akaikunja, akaenda nayo kwenye benchi la muuza kahawa. Kesi yake ilijulikana pale. Shemeji yake, kaka wa marehemu mkewe, alijenga ukuta ukaziba mwanga wa dirisha la karakana, na fundi saa hushughulika na vyuma vidogo kuliko punje ya mtama. Mahakama ya kwanza ilisema ukuta umo ndani ya kiwanja cha shemeji. Ya rufaa ikasema vivyo hivyo. Ilibaki rufaa ya pili, na siku ya mwisho ya kuikata ilikuwa kesho.

— Wakili anasemaje? aliuliza Hakimu, aliyepewa jina hilo kwa kukalia benchi kutwa nzima.

— Anasema rufaa ya pili haipimi tena ushahidi. Wanataka hoja ya sheria, mahali mahakama ilipokosea sheria.

— Hoja si ule ukuta?

— Ukuta ni ushahidi.

— Mzima vile? Basi wapelekee kipande.

Kipimo, fundi mwashi, aliweka kikombe chini.

— Mimi nasema utepe wa kupimia ulilowa. Siku ile ya kupima kiwanja kulikuwa na manyunyu. Utepe ukilowa unavimba, kiwanja kinasinyaa.

— Huo nao ni ushahidi, kaka.

— Haba na haba hujaza kibaba, alisema Hakimu. Rufaa ya kwanza haba, ya pili haba, ya tatu kibaba kimejaa.

— Ya tatu haipo.

— Haipo kwa sababu watu hawaiombi.

— Lishitaki jua, alisema muuza kahawa. Limeingia dirishani miaka yote, limezuiwa, limenyamaza. Hilo ni la kujibu.

— Nani atalipelekea hati?

— Subiri lizame. Saa hizo linakuwa nyumbani kwake.

Mama mmoja, mgeni pale kijiweni, alikuwa amesimama na saa ya ukutani kwapani akimngoja fundi.

— Samahani, baba. Kabla ya kesi, huyo shemeji ulimwomba nini akakataa?

Hakimu alimtazama Kipimo. Kipimo akatazama kikombe chake. Fundi saa hakuwa amemwomba lolote. Ukuta ulianza kupanda wiki ya tatu baada ya mazishi. Alipouona alikwenda moja kwa moja kwa wakili, kwa sababu hakuweza kuzungumza na mtu mwenye macho ya mkewe.

— Kahawa imekwisha, alisema muuza kahawa, ingawa birika lilikuwa bado zito.

Asubuhi iliyofuata fundi saa hakwenda mahakamani. Alipiga hodi kwa jirani.

— Nani?

— Mimi, shemeji. Nina ombi.

— Siubomoi.

— Usiubomoe. Niruhusu niupake chokaa upande wangu, mwanga unirudie.

Mlango ukafunguka. Macho yalikuwa yaleyale.

— Miaka mitatu, mahakama mbili, kumbe shida yako chokaa?

— Mwanga.

— Ngoja nivae viatu nikushikie ngazi. Wewe umezoea vitu vidogo, utaanguka.

Fundi saa akakunja mikono ya shati, akapanda, akaanza kupaka kuanzia juu.