Papa Ghislain na Swali Ambalo Rais Hakuuliza

Ijumaa tarehe 27 Juni, Papa Ghislain Ngoy anastaafu baada ya kufundisha kwa miaka ishirini na sita katika kituo chetu cha wageni wapya hapa Flagey, Ixelles, mjini Bruxelles. Mkurugenzi ameniomba niandike ukurasa mmoja wa furaha kwa ajili ya jarida la wafanyakazi. Mimi Jamila wa mapokezi, ambaye meza yangu inatazamana na mlango wa darasa lake, nitajitahidi. Lakini nimekasirika, na sioni sababu ya kuficha.

Tuanze na mema, maana ni mengi. Papa Ghislain alitoka Likasi, kule Katanga nchini Kongo, akiwa mwalimu wa historia, akafika Bruxelles akakuta diploma yake haimsaidii chochote. Alfajiri alipakua mizigo sokoni, mchana akaja kwetu kujitolea kufundisha Kifaransa, na hakuondoka tena. Amefundisha watu kusoma barua ya komini, yaani ofisi ya serikali ya mtaa, bila kutetemeka, kumweleza daktari wanapoumwa, na kugombana na mwenye nyumba kwa adabu. Barabara ya Chaussée de Wavre imejaa wenye maduka ambao maneno yao ya kwanza ya Kifaransa waliyapata kwake, pamoja na lafudhi ya Katanga. Ukimsikia Mrundi mwenzangu anasema "bonjour" kama mtu wa Likasi, ujue alipita darasa gani.

Vituko vyake tunavijua. Anavaa kofia mbili hata mwezi wa tano. Hakubali mtu aingie darasani bila kumpa kila mmoja mkono, hivyo somo huchelewa kuanza kila siku ya Mungu. Siku mkaguzi alipokuja kutukagua, naye alizungushwa darasa zima kusalimia, na mwishowe akaandika kwamba hajawahi kupokelewa vizuri namna ile.

Halafu kuna Rais wake. Kila majira ya kuchipua Papa Ghislain huwapeleka wanafunzi mji wa Gand kwa treni, kwa sababu John Quincy Adams, kabla ya kuwa rais wa sita wa Marekani, alikaa huko miezi kadhaa akijadiliana amani na Waingereza. Siasa zake hazimvutii sana Papa. Anachopenda kusimulia ni nyumba ya yule bwana na uzee wake. Mke, Louisa, alikuwa amebaki Urusi na mtoto mdogo wa kiume. Amani ilipotiwa sahihi, mume akamwandikia: uza vyombo, funga nyumba, njoo Paris. Na Louisa akaja, katikati ya baridi kali, kwa gari la farasi, akipita nchi zilizokuwa zimetoka tu vitani. Karibu na Paris askari wa Napoleoni wakalizingira gari lake, naye akapaza sauti kumshangilia Napoleoni mpaka wakampisha. Hapo Papa Ghislain hupaza sauti yeye mwenyewe, mikono juu, kofia mbili kichwani, katikati ya mtaa wa Gand. Wapita njia husimama. Sisi hucheka hadi machozi.

Kisha hufika kwenye uzee. Adams aliposhindwa uchaguzi hakwenda kukaa barazani. Alirudi bungeni kama mbunge wa kawaida, akapambana na utumwa kwa miaka mingi, mpaka siku alipoanguka palepale kwenye kiti chake. Papa huwaambia wanafunzi, "Munaona? Pension haiko mwisho ya mutu." Nami niliipenda sana hadithi hiyo, nikiwa nimeisikia mara nyingi kuliko mkurugenzi yeyote.

Mwaka jana tulikuwa na mwanafunzi mpya kutoka Bujumbura, Naïma, mtu wa maneno machache. Tukiwa Gand, Papa alipomaliza kupiga kelele zake, Naïma akauliza, "Donc, Papa, alimuuliza bibi yake kwanza, ao aliandika tu?"

"Mais maman," Papa akamjibu huku akicheka, "ile wakati ilikuwaka vile. Bwana anaita, bibi anafuata."

Akatununulia waffle, tukaenda zetu. Swali likabaki na mimi. Nikaenda kujisomea, nikakuta mambo ambayo Papa huyaruka. Adams alipopewa kazi ya ubalozi Urusi, watoto wao wawili wakubwa waliachwa Marekani, na aliyeamua si mama yao. Hakuwaona kwa karibu miaka sita. Kule Urusi akazaa binti, na binti akafariki akiwa na mwaka mmoja na kidogo. Barua ya mume ilipofika, Louisa alifungasha, akaliacha kaburi la mtoto kwenye theluji, akaondoka. Nilimuuliza Papa kwa nini haya hayasimulii. Alisema ni marefu, darasa litachoka.

Sasa nifike kwenye kilichonikera. Wiki tatu zilizopita Papa Ghislain alichapisha kadi za mwaliko, nzuri, zenye maua pembeni: "Familia Ngoy inaaga Bruxelles na kurudi Likasi." Alitugawia hapa ofisini, akaacha nyingine katika saluni moja ya Matonge, mtaa wa Wakongo hapa mjini. Tukashangilia. Mimi nilishangilia kuliko wote.

Jioni hiyo nilikuwa kwa mke wake, Maman Antoinette, katika duka lake la kushona, amepiga magoti akinipimia pindo la gauni la sherehe ya kustaafu. Akaingia mteja kutoka saluni, kadi mkononi, akimpongeza kwa safari. Maman Antoinette akaitoa pini mdomoni.

"Miye? Naenda wapi?"

Hivyo ndivyo alivyojua. Mume alikuwa ameieleza saluni nzima.

Namwelewa Papa. Nyumba ya Likasi ameijenga chumba kwa chumba kwa jasho lake, na mtu ana haki ya kutamani kuzeeka kwenye jua lake. Ila hapa mjini wana binti pia. Aliitwa Océane. Aliishi miezi tisa, na sisi tuliokuja kazini baadaye hatukuwahi kuambiwa; mimi nilisimuliwa na Maman Antoinette jioni ile. Kila Jumapili baada ya misa Maman Antoinette hupanda basi la 71 mpaka makaburini, akiwa na kitambaa cha kufutia jiwe. Hapa Ubelgiji kaburi lisilotunzwa hubandikwa tangazo, na asipotokea mtu, siku moja huondolewa. Maman Antoinette ameyaona matangazo hayo kwenye makaburi ya jirani.

Kwa hiyo nasema wazi: nimemkasirikia Papa Ghislain kwa hasira ambayo mtu huwa nayo kwa ndugu. Mtu aliyezunguka na hadithi ya Louisa miaka yote hii! Aliyejua habari za kaburi la Urusi, akaziruka, na sasa najua kwa nini. Amewafundisha mamia ya wageni kwamba ofisini, hospitalini na kwa mwenye nyumba, mtu ana haki ya kuulizwa kabla mambo yake hayajaamuliwa. Amelisema hilo kwa sauti inayofika mpaka mezani kwangu. Nyumbani kwake amechapisha kadi.

Nilimuuliza Maman Antoinette kama naweza kuyaandika haya. Akasema, "Andika. Yeye anasomaka kila kitu. Atasoma na hii." Nikamuuliza kama atakwenda Likasi. Akakata uzi. "Hajaniuliza, Jamila. Bon, akiniuliza, nitajua la kujibu. Pengine nitaenda. Lakini aniulize, na atamke jina ya mutoto."

Papa Ghislain, kituo hiki kinakushukuru. Umetupa lugha, umetupa vicheko, umetupa hata Rais wa kumtetea na kumlaumu. Uzee wako uwe mwema, Likasi au Ixelles, na afya isikutoke. Ijumaa viti viwili vya mbele vimewekwa kwa ajili yako na Maman Antoinette, na keki imeagizwa Matonge. Hatutaikata mpaka uwe umemuuliza, ukamngoja ajibu.