Bi Tuseme, Mpinzani Tuliyemlipa Mshahara

Tarehe 30 Juni, baada ya miaka thelathini na mmoja ya utumishi, Mkuu wa Kitengo cha Zabuni atakabidhi funguo za ofisi yake na kurudi nyumbani mchana kweupe, jambo ambalo mume wake amelisubiri kuliko mtu yeyote.

Aliingia kampuni hii akiwa mhandisi kijana, mwanamke pekee kwenye ujenzi wa barabara, amevaa buti za kaka yake kwa kuwa stoo haikuwa na saizi yake. Wasimamizi walimpa wiki moja awe amekimbia. Hakukimbia. Alijenga barabara na makalvati ya kupitishia maji mpaka akahamishiwa zabuni, kitengo ambacho siku hizo kilihesabiwa kuwa mahali pa kupumzishia watu.

Huko ndiko alikopata jina. Kila tulipomaliza kuandaa zabuni na kuanza kujipongeza, alivuta kiti upande wa pili wa meza na kusema, "Tuseme mimi ndio wao." Wao ni wapinzani wetu, makampuni makubwa ya kimataifa yenye ofisi kila bara. Kisha aliichambua kazi yetu mpaka chai ikapoa. Baadhi yetu tulitoka tumenuna. Jina la Bi Tuseme likamganda, na sasa hata wajukuu wake wanalitumia.

Habari ya daraja lazima niisimulie, maana bila daraja lile huenda kampuni yenyewe isingekuwepo. Mwaka ule tulikuwa hoi. Kazi zote kubwa zilichukuliwa na wageni, sisi tukabaki kuwachimbia mitaro. Kampuni mojawapo ya wageni hao ilikuwa tayari kutununua, na zabuni ya daraja kubwa ilipotangazwa, Bodi ikatamka wazi kwamba tukilikosa, tunauzwa. Kila mmoja alijua maana yake: wale wangekuja na watu wao.

Wengi tuliona dawa ni kushusha bei. Bi Tuseme akagoma. Alisema kampuni kubwa inaweza kula hasara mwaka mzima isikohoe, ila sisi tukijaribu tunajichimbia kaburi. Akaomba ruhusa ya ajabu: aachwe aandae zabuni ya mpinzani, nzima, kana kwamba ameajiriwa nao. Akahamia kwenye stoo ya vifaa vya ofisi pamoja na dereva wa kreni na mhasibu mmoja, akatundika pazia mlangoni, na akakataa hata kunywa chai nasi. Tukikutana koridoni alitusalimia kwa adabu ya mgeni.

Mimi nilikuwa kwenye timu ya kampuni. Kila tulipopambanisha zabuni zetu mbele ya Mkurugenzi, stoo ilitugaragaza. Mkurugenzi alipandisha hasira, akauliza huyu mama hasa analipwa na nani. Fundi mkuu akasusa vikao.

Lakini alipomaliza kutushinda, Bi Tuseme alivua upinzani wake na kutueleza mahali alipokuwa anahofia tutampata. Mitambo ya wakubwa wale ilikuwa nchi za mbali. Ingepakiwa melini, ingesubiri forodhani, na mvua zingeanza nguzo ya kwanza haijasimama. Sisi tulikuwa na karakana jirani na mto uliohitaji daraja, machimbo yetu wenyewe ya kokoto, na mafundi wanaolala kwao. Tukaacha kuhangaika na bei, tukaandika zabuni ya kushindania muda: nguzo zote zisimame kabla ya mvua.

Siku ya ufunguzi wa zabuni ukumbi ulijaa suti. Bei yetu iliposomwa haikuwa ya chini kabisa, na mtu nyuma yangu akacheka. Matokeo yalipotoka, jina letu lilikuwa juu. Fundi mkuu, mtu mzima na mvi zake, alilia waziwazi, nasi tukalia naye. Wapinzani wakakata rufaa wakidai tuna jasusi ofisini kwao, kwa jinsi zabuni yetu ilivyojibu mipango yao hatua kwa hatua. Kamati ya rufaa ilipoelezwa kuwa jasusi alikaa kwenye stoo yetu, katikati ya maboksi ya karatasi, rufaa ikatupwa. Daraja tulilimaliza kabla ya tarehe ya mkataba.

Tangu wakati huo wakuu wengi wa vitengo wamepitia stoo ile, wakifundishwa naye kuwa wapinzani. Shemeji yetu, mume wake, fundi cherehani mwenye subira, anasema hata rangi ya ukuta wa sebule haichaguliwi kabla mkewe hajaipinga kwa niaba ya majirani.

Mwaka jana, kampuni ileile iliyotaka kutununua ilikuja kuomba iwe mkandarasi mdogo chini yetu katika upanuzi wa bandari. Mkataba ulipokwisha kusainiwa, mkurugenzi wao alimvuta Bi Tuseme pembeni na kumwahidi cheo na mshahara mnono. Yeye alimshukuru vizuri, kisha akamjibu: "Kwenu nilishafanya kazi, pale stoo. Niliacha kwa sababu mlikuwa mnaelekea kushindwa."

Dada yetu, asante kwa kutubishia miaka yote hii. Kwa sababu yako tunakwenda kazini asubuhi kwenye kampuni ambayo bado ni yetu. Tunakuombea afya njema, usingizi mnono na furaha tele pamoja na shemeji.