Mageti Mawili, Korido Moja

Benchi letu ni ubao mmoja mrefu uliolala juu ya matofali, kati ya meza yangu ya kushonea viatu na karakana ya Cheche, fundi wa kuchomelea vyuma. Hapo ndipo dunia inapoendeshwa kila siku kuanzia saa nne asubuhi, watu wakishachoka kujifanya wana kazi. Wajumbe ni wale wale. Kuna Cheche mwenyewe, na miwani yake myeusi juu ya paji la uso hata siku ambayo hajagusa chuma. Kuna Tarishi, mzee aliyebeba mafaili ya ofisi miaka thelathini akiishia kwenye mlango wa mkutano, na ambaye kustaafu kumemfanya aamini kwamba alikuwa ndani. Na kuna Mkubwa, muuza vipuri vya baiskeli, anayeitwa hivyo kwa sababu ni mtoto wa kwanza wa marehemu baba yake na hajamruhusu mtu asahau. Mama Kahawa hukaa pembeni na birika lake, hutumiminia, hutudharau. Mimi pia nawadharau, ila nimekaa nao siku nyingi mno hata siwezi kujitoa kwenye hesabu.

Siku hiyo redio ya Cheche ilikuwa imetangaza kwamba wakubwa wa dunia walikutana tena kuzungumzia kupunguza silaha za nyuklia, na wameagana bila kukubaliana.

— Kinachowashinda ni nini? — Mama Kahawa akauliza.

— Viti, — Tarishi akasema. — Mimi mikutano naijua. Ukisikia mkutano umevunjika, ujue tatizo ni viti. Huyu anataka kukaa akiutazama mlango, na yule naye anataka hapo hapo.

— Mzee, wewe mikutano uliionea kwenye tundu la ufunguo, — nikamwambia.

— Tundu linamtosha mwenye jicho.

Cheche akatikisa kichwa kama daktari aliyeletewa mgonjwa aliyechelewa.

— Hamjui chuma nyinyi. Yale mabomu ni matupu.

— Matupu vipi?

— Mimi nikikuletea pipa, nimelipaka rangi ya kijani, nimeandika namba ubavuni, utalifungua? Hulifungui. Utaliogopa tu. Basi na wao wamechomelea mapipa, wamepaka rangi, wamepanga mstari, wamepiga picha. Ndani ni hewa.

— Na ile miji miwili iliyoungua? — akauliza Mama Kahawa.

Cheche akaishusha miwani, akaipandisha tena.

— Yale yalikuwa ya kwanza. Kazi ya kwanza huwa nzuri. Ya siku hizi ni ya kulipua tu, kila fundi anajua.

Watu waliteketea kwa maelfu, naye anazungumzia ubora wa kazi. Nilichukua kiatu nikakigonga msumari kwa nguvu kuliko ulivyostahili.

— Yawe matupu, halafu yahesabiwe? — Tarishi akamrukia. — Wanahesabiana, bwana. Huyu ana maelfu, yule ana maelfu. Ukiyajumlisha, yanaichoma dunia mara kumi na nne.

— Ile mara ya pili wanamchoma nani? — Mama Kahawa akauliza.

— Ya pili ni akiba.

— Akiba ya nini, na watu wameisha?

— Mama, wewe angalia birika lako. Haya mambo yana ngazi zake.

Mkubwa muda wote alikuwa akipuliza kahawa yake. Yeye hupenda kuwaacha wengine waongee upuuzi kwanza, ili wake uonekane umekomaa.

— Nyinyi mnacheka, — akasema, — lakini lile bomu ndilo amani yenyewe. Mwenzako akijua kwamba akikugusa mnateketea wote, atakuamkia kwa adabu. Ukiliweka chini, umekwisha. Kesho yuko sebuleni kwako, amekalia kiti chako.

Sote tulijua sebule anayoizungumzia iko wapi, kwa sababu ipo nyumba ya nne kutoka kwenye benchi.

Baba yao aliacha nyumba moja ndefu, yenye korido inayoanzia mlango wa mbele hadi mlango wa nyuma. Mkubwa alichukua vyumba vya mbele, mdogo wake akachukua vya nyuma, na mama yao akabaki katikati na chumba chake na jiko. Mwaka juzi ndugu hao walikosana kwa ajili ya kabati la vyombo. Mdogo mtu akaweka geti la chuma koridoni, kaka yake asipite kwake. Mkubwa akaweka la kwake, nene zaidi. Mdogo akaongeza kufuli, Mkubwa akaongeza mawili. Kisha Mkubwa akashuku kwamba mwenzake anaweza kuzunguka nje na kuingilia dirisha la mama, akalipiga nondo. Mdogo naye akashuku hivyo hivyo, akaweka nondo zake juu ya zile. Kazi zote hizo alizifanya Cheche. Alikuwa akimaliza upande mmoja, anapita upande wa pili na kuuliza kwa huruma: "Umeona alichoweka mwenzako?"

— Na tena bomu halipigwi hivi hivi, — Tarishi akaendelea, maana ukimya humuumiza. — Wako watu wawili, wamefungiwa chumbani, kila mmoja na ufunguo wake shingoni. Mpaka wageuze wote kwa pamoja. Ndiyo sababu hadi leo tuko hai. Wale wawili hawasemezani.

— Mmoja akibanwa na haja? — Cheche akauliza.

— Habanwi. Wanachaguliwa wasiobanwa.

— Basi mimi nasikia sasa yamezamishwa baharini, — Cheche akasema, — yanazunguka chini kwa chini miaka nenda miaka rudi, na walioyazamisha wamesahau ni wapi. Mikutano yote hii ni ya kuulizana.

— Uongo. Nitawaambia kinachowashinda, — Tarishi akasema, akisahau kabisa habari ya viti. — Huyu anasema: nitapunguza, lakini yule aanze. Yule anasema: nitapunguza, lakini huyu aanze. Siku imekwisha, wanapewa chakula, wanapanda ndege.

Hapo benchi zima likacheka. Watu wazima, wana suti, wana walinzi, wanabishana nani aanze. Mkubwa ndiye aliyecheka kuliko wote, mpaka kahawa ikamwagikia suruali.

— Watoto wale, — akasema akijipangusa. — Watoto wa chekechea.

Tukiwa bado tunacheka akaja mtu tusiyemjua, kijasho kinamtiririka, mtungi wa gesi begani. Alikuwa mpeleka gesi wa duka la barabara ya juu, mgeni mtaani kwetu.

— Habari za saa hizi, wazee. Namuulizia mwenye ufunguo wa nyumba ile yenye mageti ya kijani. Bibi amepiga simu dukani, nije nimfungie mtungi. Nimekwenda mbele, nimekuta kufuli. Nimezunguka nyuma, kufuli. Tumeongea dirishani tu.

Tarishi akatazama ndani ya kikombe chake.

— Yule ni mama yangu, — Mkubwa akasema. — Uache mtungi hapa, nitampelekea mchana nikienda kula.

Yule mtu akautua mtungi chini, akajifuta uso.

— Hakuna shida, mkubwa wangu. Ila nauliza tu, maana hii ndiyo kazi yangu. Nikishaufunga, ukashika moto, yule bibi anatokea wapi?

Lilikuwa swali la adabu, wala hakulipandishia sauti. Tarishi, ambaye ana jibu la kila kitu chini ya jua, akainama kukaza kamba za viatu vyake.

— Dirisha... — Cheche akaanza, kisha akakumbuka dirisha ni kazi ya nani.

— Moto utoke wapi? — Mkubwa akasema. — Na mimi niko hapa hapa. Dakika mbili nimefika.

— Na kama leo ungekuwa umesafiri?

— Kuna mdogo wangu upande wa nyuma.

— Yuko wapi?

— Kazini. Anarudi jioni.

Mpeleka gesi akatutazama mmoja mmoja. Alipofika kwangu nikajikuta natazama juu ya meza yangu, kwenye msumari, mahali viliponing'inia viatu vya bibi. Nilivimaliza kuvishona miezi miwili iliyopita. Kila asubuhi naviona, na kila asubuhi najiambia bibi amesahau. Nyumba ya nne kutoka hapa, na sikuwahi kunyanyuka kumpelekea. Niliona aibu, na aibu yenyewe ilikuwa imechelewa.

— Basi mimi siufungi, — mpeleka gesi akasema. Akaubeba mtungi wake begani, akapanda na barabara aliyojia.

Mama Kahawa alimimina kikombe kimoja. Cheche akanyoosha mkono.

— Si chako. Ni cha bibi. Yenu imekwisha.

Birika lilikuwa bado zito, tuliliona.

— Hakipiti, — Cheche akasema polepole.

— Nini hakipiti?

— Kikombe. Zile nondo za pili nilizipandikiza katikati ya zile za kwanza. Waliniambia hata mkono usipite. Nilipima kwa mkono wangu.

Mama Kahawa akamgeukia Mkubwa.

— Lete ufunguo.

— Mama, hujui yule alivyo. Nikiacha geti langu wazi, jioni ataingia mpaka chumbani kwangu.

— Cheche, — Mama Kahawa akasema bila kuondoa macho kwa Mkubwa, — beba mashine yako ya kukatia. Leo unakwenda kukata lile dirisha.

Cheche akasimama. Akaukunjua waya, akachukua mashine, akabaki ameishika, akimngoja mwenye nyumba aseme neno. Mkubwa alikuwa ameukamata ufunguo uliokuwa kwenye mkanda wake, anaugeuza na kuugeuza.

— Sawa, — akasema mwishowe. — Kata. Lakini anza na zile za mdogo wangu.

Mama Kahawa alichukua kikombe, akaondoka nacho bila kutuaga. Nami nikaviondoa viatu vya bibi kwenye msumari, nikamfuata, ingawa nilijua kwamba navyo havipiti.